Mauzo yamepanda, benki hamna kitu: nani kati ya wakubwa aulizwe?

Maswali ya toleo hili yamejaa wakubwa wa makampuni kurushiana mpira. Nimechagua matatu. La kwanza nimelijibu kwa kirefu kwa sababu mwenye swali katuma namba zake zote, na swali lenye namba huwa silipiti hivihivi.

SWALI LA KWANZA

Habari za kazi kaka. Mimi ni mkurugenzi wa kampuni ya familia hapa Mwanza, tunasambaza sabuni, dawa za meno, pampasi na bidhaa nyingine za dukani, tunafika mpaka Geita, Sengerema na Kahama. Mzee alipostaafu alinikabidhi mimi. Mwaka jana wakati kama huu tulikuwa tunauza milioni 240 kwa mwezi, sasa tunauza milioni 360 na meneja mauzo anatembea kifua mbele. Lakini pesa hatuioni! Tumechukua ovadrafti (ruhusa ya benki kutoa zaidi ya kilichomo kwenye akaunti) ya milioni 300 ambayo hatukuwa nayo, riba asilimia 16 kwa mwaka, na imejaa yote. Wateja tunawadai milioni 540, mwaka jana tulikuwa tunawadai milioni 144 tu. Faida ghafi (mauzo ukitoa bei ya kununulia mzigo) ilikuwa asilimia 8 ya mauzo, sasa ni 6 na hakuna anayeweza kuniambia kwa nini. Kwenye kikao meneja mauzo anasema kazi yake ni kuuza na ameuza, mkuu wa fedha anasema yeye hajamkopesha mtu, meneja oparesheni (stoo na magari) anasema dizeli imepanda. Nataka kila mmoja apewe namba yake, iandikwe kwenye mkataba na iwe na bonasi. Sasa faida nimpe nani? Na pesa ya benki nimpe nani?
— Mkurugenzi, Mwanza

JIBU

Dada mkurugenzi, kabla ya kugawa namba twende kwanza kwenye hizo ulizotuma maana zimeshajibu nusu ya swali.

Mauzo ya milioni 240 kwa mwezi ni kama milioni 8 kwa siku. Ulikuwa unadai milioni 144, gawa kwa 8 unapata siku 18, yaani mteja wako wa kawaida alikuwa anakaa na pesa yako siku 18 ndio analipa. Sasa hivi unauza milioni 12 kwa siku na unadai milioni 540, gawa, ni siku 45. (Kama mauzo umeyaandika bila VAT na madeni yana VAT ndani, siku 45 zitashuka mpaka 38 hivi na zile 18 zitakuwa 15, picha haibadiliki.) Mauzo yameongezeka nusu, madeni yameongezeka karibu mara nne. Huo mzigo haukuuzwa kwa maana mzee wako angeelewa, umehama tu kutoka stoo yako kwenda stoo za watu.

Tuje kwenye faida. Asilimia 8 ya 240 ni milioni 19.2. Asilimia 6 ya 360 ni milioni 21.6. Kwa hiyo mbio zote za mwaka mzima zimekuongezea milioni 2.4 za faida ghafi kwa mwezi. Na ovadrafti ya milioni 300 kwa riba ya asilimia 16 inakula milioni 48 kwa mwaka, milioni 4 kila mwezi. Umeongeza mauzo kwa milioni 120 ukabaki nyuma kwa milioni 1.6 kila mwezi, na hapo sijagusa dizeli, posho za madereva wala tairi. Alafu kuna VAT, kwa kiwango cha kawaida asilimia 18, TRA wanaitaka tarehe 20 ya mwezi unaofuata, mteja awe ameshakulipa au bado anakupiga kalenda, wao hawaulizi. Kwa hiyo kila invoisi ya mkopo unayotoa unamlipia mteja na kodi yake kwanza.

Sasa nani aulizwe. Mimi nina kanuni moja tu hapa na kila nilipoona imekiukwa mambo yaliharibika: namba apewe mtu ambaye akiamka kesho asubuhi akabadilisha anachofanya, namba itabadilika. Anayeiandika kwenye ripoti siye, na mwenye cheo kinachofanana na jina la namba siye. Na awe mtu mmoja. Mkisema "madeni ni letu sote" mjue hayana mwenyewe, mtaendelea kukaa kwenye kikao mkitazamana.

Kwa kanuni hiyo madeni ya wateja ni ya meneja mauzo. Najua atalalamika, wote hulalamika, atasema kudai ni kazi ya uhasibu. Muulize: nani alimfungulia yule mteja wa Kahama? Nani alimwambia "chukua tu mzigo utalipa mwezi ujao"? Nani ana namba yake ya simu na anajua duka lake linapokwenda vizuri na linapoyumba? Mhasibu aliyekaa ofisini Mwanza anampigia mtu ambaye hajawahi kumuona, anajibiwa "niko safarini", basi imeisha. Ila mtu wa mauzo akigoma kupeleka mzigo mpya mpaka wa zamani ulipwe, pesa inatoka hapohapo. Nguvu iko kwake, namba iwe kwake.

Kwa hiyo meneja mauzo usimpime kwa mauzo peke yake tena. Mpe mauzo, lakini bega kwa bega na siku za madeni na faida ghafi kwa katoni. Namba moja ikienda bila mwenzake wa kuishika inakimbia hovyo, na hili sio la Mwanza tu. Marekani benki ya Wells Fargo iliwabana wafanyakazi wake wauze akaunti na huduma nyingi kwa kila mteja, lengo likiwa nane kwa kila kaya, na watu wakafikisha tageti kwa kufungua akaunti ambazo wateja hawakuziomba. Mwaka 2016 benki ikapigwa faini ya dola milioni 185, wafanyakazi kama 5,300 walishafukuzwa kwa muda wa miaka kadhaa, na mwezi mmoja baadaye CEO mwenyewe akaachia ngazi. Meneja wako hajafoji kitu, naomba nieleweke, amefanya ulichomwambia afanye. Ulimwambia auze.

Na kamisheni, kama ipo, ilipwe pesa ikishaingia benki. Sio invoisi ikitoka. Badilisha hilo tu na utaona watu wa mauzo wanavyokumbuka ghafla ni nani anadaiwa nini na tangu lini.

Wakenya nao wana somo lao, wale waliokuwa wanapeleka bidhaa Nakumatt. Ile supamaketi ilikuwa na matawi Kenya, Uganda, Rwanda na Tanzania, kwa meneja mauzo yeyote ilikuwa mteja wa ndoto, oda moja inafunga tageti ya mwezi. 2017 rafu zikaanza kubaki tupu kwa sababu wasambazaji wamechoka kupeleka bila kulipwa, Januari 2018 mahakama ikaiweka chini ya msimamizi, na waliokuwa wanadai wakabaki na makaratasi. Wauzaji waliopimwa kwa mauzo tu walikuwa mashujaa mpaka siku ile. Angalia kwenye orodha yako kama yupo mteja mmoja anayebeba zaidi ya sehemu ya tano ya zile milioni 540, kama yupo huyo asibaki kuwa wa meneja mauzo peke yake, mjadili wewe na yeye kila wiki.

Kuhusu ile asilimia 8 iliyogeuka 6. Umesema hakuna anayejua kwa nini, mimi nasema hakuna aliyeichambua. Faida ghafi inashuka kwa njia tatu hivi: mmepunguza bei, au mnauza zaidi vile vitu vyenye faida ndogo (mche wa sabuni unaondoka haraka lakini hauachi kitu ukilinganisha na dawa ya meno), au mnanunua ghali kuliko zamani. Bei na mchanganyiko wa bidhaa ni vya meneja mauzo. Ununuzi ni wa anayenunua, na kwenye kampuni nyingi za familia anayenunua ni mkurugenzi mwenyewe kwa sababu ndiye anayejuana na kiwanda. Chukua wateja wako 10 wakubwa, toa invoisi zao za mwezi uliopita, weka pembeni orodha ya bei iliyobandikwa ofisini, linganisha mstari kwa mstari. Kazi ya mchana mmoja. Nakuhakikishia utakuta wateja wawili watatu hawajawahi kulipa bei ya kwenye orodha, na ukiuliza nani aliidhinisha utaambiwa "ni wale wa mzee".

Hapo ndipo nilipotaka tufike dada. Wateja wa mzee, marafiki wa familia, yule mama wa Sengerema anayekupigia wewe moja kwa moja unamwambia dereva "mpelekee tu", hao madeni yao na punguzo lao ni namba yako wewe. Huwezi kumbebesha meneja mauzo deni ulilolitoa kwa simu. Weka ukomo wa mkopo kwa kila mteja: meneja mauzo anapendekeza, mkuu wa fedha anaidhinisha, mteja akifika ukomo gari halipakii. Anayeweza kuvunja ukomo ni wewe tu na kwa maandishi, hata ujumbe wa WhatsApp unatosha. Alafu kwenye ripoti ya madeni ya kila wiki mwambie mhasibu afungue safu yenye jina lako, kila mzigo uliotoka kwa ruhusa yako uingie humo na uonekane na wote kwenye kikao. Wakurugenzi wengi hawaipendi safu hiyo. Wanaoikubali, lawama kwenye vikao vyao hupungua haraka mno kwa sababu wale wa chini hawana tena pa kujifichia.

Mkuu wa fedha. Huyu watu humpa namba zisizo zake, wanasema "wewe ni mtu wa pesa kwa hiyo pesa ni yako". Yeye hauzi, hanunui, hapakii, atakufanyiaje faida? Mpe anavyovishika. Hesabu za mwezi ziwe zimefungwa na ziko mezani kwako tarehe uliyomwekea, sio tarehe 28 ya mwezi unaofuata zikiwa zimeshapoa. Kodi zitoke kwa wakati, PAYE (kodi ya mishahara) ndani ya siku 7 baada ya mwezi kuisha, VAT kabla ya tarehe 20, na ikija faini ya kuchelewa iwe ni yake kuieleza. Awe na karatasi ya pesa inayoingia na kutoka kwa wiki 13 zijazo, anaifanya upya kila Jumatatu, na hapo mpime kwa jinsi makadirio yake yalivyokaribia ukweli. Riba mnayolipa benki nayo ni yake kwa maana ya kiwango, aende akajadiliane hiyo 16. Lakini kiasi cha ovadrafti sio chake, kinaletwa na madeni na mzigo wa stoo. Na ile orodha ya wanaodaiwa, iliyogawanywa kwa umri (siku 0 mpaka 30, 31 mpaka 60, 61 mpaka 90, na zaidi), yeye ndiye anayeitoa kila Ijumaa bila kumuonea mtu haya, ukiwemo wewe.

Meneja oparesheni nitampitia haraka. Bei ya dizeli sio yake, bei kikomo inatangazwa na EWURA, mamlaka ya serikali inayosimamia nishati na maji, kila mwezi na hata wewe huwezi kuibadilisha. Lita ni zake. Mpime kwa lita kwa kila kilomita, gharama ya kufikisha katoni moja Geita, katoni zilizopotea au kuharibika, na siku ambazo mzigo unakaa stoo. Hiyo ya mwisho muiangalie vizuri, kama wewe ndiye unayeagiza kontena zima la pampasi kwa sababu kiwanda kilikupa ofa usije ukamuuliza yeye kwa nini limekaa miezi miwili.

Sasa faida yenyewe, ile ya mwisho kabisa, na pesa iliyobaki benki. Hizo ni zako. Hakuna kati ya wale watatu anayeshika vipande vyote, wewe ndiye unayevishika, na kuzigawa ni kuzikimbia. Hii hesabu ya kuvunja namba kubwa vipande ili kila mkubwa ajue chake sio mpya hata kidogo. Kabla ya Vita Kuu ya Kwanza kule Marekani kampuni ya DuPont, enzi hizo ni watengenezaji wa baruti, ilikuwa na kijana anaitwa Donaldson Brown aliyeanzia kwenye mauzo. Yeye ndiye aliyeichukua faida juu ya mtaji akaigawa mara mbili: unabakiza kiasi gani kwa kila unachouza, na mtaji wako unazunguka mara ngapi kwa mwaka. Zidisha hizo mbili unapata jibu. Baadaye DuPont walipoingiza pesa General Motors akahamia huko mwanzoni mwa miaka ya 1920 na hesabu yake akaenda nayo, na ule ndio ulikuwa uzuri wake, makao makuu waliweza kumuuliza kila mkuu wa kitengo kuhusu kipande anachokishika yeye. Kwako wewe kipande cha kwanza kimeshuka kutoka 8 kwenda 6, na cha pili kimekwama kwa sababu mtaji umelala kwa wateja siku 45 badala ya 18. Vyote viwili vinaongozwa na mauzo na mikopo, hakuna cha dizeli hapo.

Siku za madeni usiwaambie warudi 18 mara moja, utapoteza wateja. Wape 25 kwa kipindi cha robo mwaka au zaidi kidogo. Siku 25 kwa milioni 12 ni madeni ya milioni 300, maana yake milioni 240 zimerudi nyumbani, ovadrafti inabaki 60 na riba inashuka kutoka milioni 4 hadi laki 8 kwa mwezi. Hiyo tofauti ya milioni 3.2 inazidi ile nyongeza ya milioni 2.4 mliyoipigia kelele mwaka mzima, na hujaajiri mtu wala kununua gari.

Kuhusu mkataba na bonasi, taratibu. Namba ziendeshe kwanza bila pesa juu yake, muone kama zinapimika na kama mhasibu anazitoa sawa kila mwezi, maana ukiweka bonasi kwenye namba inayobishaniwa umefungua kesi. Alafu kubadilisha masharti ya kazi ya mtu huwezi kumwekea tu karatasi mezani asaini, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inataka mshauriane kwanza na mabadiliko yaandikwe. Na sehemu ya bonasi ya wote watatu ifungwe kwenye faida ya kampuni nzima, sio kubwa, kiasi cha kumfanya meneja mauzo ajali kidogo gari linaporudi tupu kutoka Kahama.

SWALI LA PILI

Niaje mwalimu. Niko Nairobi, mimi ni financial controller (msimamizi wa hesabu) wa kampuni ambayo mama yake iko Marekani na hisa zake zinauzwa kule sokoni. Kila robo mwaka natumiwa fomu nisaini kwamba hesabu za Kenya ziko sawa na sijui udanganyifu wowote. Shida ni kwamba wiki ya mwisho ya robo, watu wa sales wanasukuma bidhaa nyingi kwa madistributa, halafu wiki mbili baadaye nyingi zinarudi. Naambiwa hiyo ni mambo ya sales nisiingilie. Nisaini ama nisisaini?
— Niko kwa kona, Nairobi

JIBU

Hiyo fomu ilikotoka ndiyo itakueleza kwa nini usiichukulie poa. Kampuni kubwa ya Marekani ya Enron ilianguka Desemba 2001, nyingine ya WorldCom ikafuata Julai 2002, na wakubwa wakaanza kusema hawakujua kilichokuwa kinaandikwa vitabuni. Bernard Ebbers aliyekuwa CEO wa WorldCom alipanda kizimbani akajitetea kwamba mambo ya uhasibu yeye hayajui, mahakama haikununua hiyo na 2005 akapewa miaka 25. Bunge la Marekani halikusubiri hata kesi hizo ziishe, mwaka huohuo wa 2002 wakapitisha sheria ya Sarbanes-Oxley inayowataka CEO na mkuu wa fedha wasaini wao binafsi kila robo na kila mwaka kwamba hesabu wamezisoma na ziko sawa. Anayesaini kwa makusudi akijua ni uongo anaweza kula faini ya hadi dola milioni 5 na kifungo cha hadi miaka 20.

Sasa jiweke kwenye kiti cha hao wawili, wako mbali na wana nchi kibao, wanasaini vitu wasivyoviona. Wanajikinga vipi? Wanashusha fomu chini, kila nchi isaini. Ndio hiyo uliyoipata. Sahihi yako inabeba ya bosi wa bosi wako, kwa hiyo huyo anayekuambia usiingilie mambo ya sales anakuomba umkinge bila kukuonyesha unachokikinga.

Usisaini kimyakimya na usikatae kimyakimya. Kwanza toa namba. Chukua mauzo ya siku 5 za mwisho za robo, weka pembeni bidhaa zilizorudi na credit note (hati za kumpunguzia mteja deni) za wiki mbili za kwanza za robo inayofuata, fanya hivyo kwa robo nne mfululizo, distributa mmoja mmoja. Kama ni wale wale na kiasi kinakaribiana kila mara, hiyo sio biashara ni mchezo, na kuna uwezekano mkubwa kuna makubaliano ya mdomo kwamba "chukua sasa, usipouza rudisha". Bidhaa inayoweza kurudi hivyo huwezi kuihesabu yote kama mauzo, viwango vya kimataifa vya uhasibu vinataka ukadirie zitakazorudi na uzitoe.

Halafu omba kitu ambacho kampuni nyingi za aina hiyo zinacho tayari: mkuu wa sales naye asaini fomu yake, kwamba hakuna barua ya pembeni, hakuna ahadi ya mdomo ya kurudisha mzigo, hakuna muda wa kulipa ulioongezwa nje ya mkataba. Hayo ni mambo ambayo wewe kwa kiti chako huwezi kuyajua na yeye lazima ayajue. Akikataa kusaini, hiyo peke yake ni habari. Fomu yako mara nyingi ina nafasi ya kuandika kasoro, andika humo ulichokiona na namba zake, tuma, baki na nakala. Ukiwa mwanachama wa ICPAK, taasisi ya wahasibu wa Kenya, kanuni zao za maadili hazikuruhusu jina lako liambatane na taarifa unayojua inapotosha, na hiyo ni kinga nzuri ya kumwambia bosi, unamwambia tu mikono yako imefungwa.

Na wakurugenzi wenu wa hapo Nairobi wasijione wako salama eti kazi ni ya controller, Sheria ya Makampuni ya Kenya ya 2015 inawabebesha wao hesabu zinazoonyesha hali halisi ya kampuni. Waambie mapema kwa barua. Wakishajua kwa maandishi utashangaa jinsi wiki ya mwisho ya robo inayofuata itakavyokuwa tulivu.

SWALI LA TATU

Shikamoo. Nimepandishwa kuwa meneja wa tawi Dodoma, tunauza vifaa vya ujenzi. Nimeambiwa nawajibika kwa faida ya tawi. Mwezi uliopita nimeuza milioni 90, faida ghafi 14, mishahara, pango, umeme na usafiri wa tawi vimekula 8. Nikajua nimebakiza 6. Makao makuu Dar wakaniletea mgao wao wa milioni 7, nikaonekana nina hasara ya milioni 1, na bosi anasema tawi linaweza kufungwa. Mgao wanaupiga kwa kufuata mauzo, nikiuza zaidi nabebeshwa zaidi. Nifanyeje?
— Meneja tawi, Dodoma

JIBU

Marahaba mdogo wangu. Hujatia hasara. Tawi lako linachangia milioni 6 kwa mwezi na ndiyo namba unayopaswa kuulizwa, kwa sababu bei, mishahara ya tawi, usafiri, hivyo unavigusa. Ile milioni 7 ni mshahara wa mkurugenzi, ofisi ya Dar, mfumo wa kompyuta, wewe utaipunguzaje ukiwa Dodoma? Aliyeko Dar anayeidhinisha hayo matumizi ndiye mwenye namba hiyo.

Usiende kubishana kwamba mgao usiwepo, hiyo vita utashindwa, matawi lazima yailipie Dar kwa pamoja. Omba vitu viwili. Ripoti ya tawi iwe na mistari miwili ya faida, mmoja kabla ya mgao wenye jina lako na mmoja baada ya mgao wenye jina la Dar. Na mgao uwe kiasi kimoja kilichopangwa kwenye bajeti ya mwaka, usipande kwa kuwa umeuza zaidi, la sivyo wanakuadhibu kwa kufanya kazi.

Kuhusu kulifunga tawi, mwambie bosi wako afanye hesabu hii mbele yako: siku tawi likifungwa milioni 8 zenu za mishahara na pango zinaondoka, milioni 14 za faida ghafi zinaondoka pia, lakini ile 7 ya Dar inabaki palepale na itagawiwa Morogoro na Singida au popote mlipo na matawi mengine. Kampuni inakuwa imejipunguzia milioni 6 kila mwezi. Mwandikie kwenye karatasi moja, mistari isizidi mitano, umpelekee kabla hawajakaa kikao cha bajeti.